Umekatika au Umekatishwa? Uhakiki wa Istilahi za Kupakua Michezo ya Kompyuta, Magamba

Mwongozo tunaouhakiki hapa una kurasa mbili tu. Umepigwa chapa kwa Kiswahili na kubandikwa ukutani katika chumba kimoja cha kompyuta huko Magamba, juu ya mji wa Lushoto, na kazi yake ni kumweleza mtumiaji afanye nini pale mchezo wa kompyuta anaoupakua unapokwama kabla haujakamilika. Mwandishi wake hakuweka jina, nasi hatukulitafuta. Tulichokitafuta ni sababu iliyowafanya vijana watatu, ambao wote waliufuata mwongozo huo neno kwa neno, wapoteze sehemu kubwa ya mchezo ambao kila mmoja alikwisha kuulipia kwa vifurushi vya intaneti. Kwa maoni yetu sababu hiyo si mashine, wala si milima inayozuia mawimbi ya simu. Sababu ni istilahi.

Huenda baadhi ya wasomaji wetu wakauliza iwapo michezo ya vijana inastahili kujadiliwa katika kurasa kama hizi, ambazo zimezoea istilahi za sheria, uhasibu na sayansi. Jibu letu ni kwamba maneno ni yale yale. Mwalimu anayepakua mihtasari ya masomo na mtumishi wa serikali anayepakua fomu hukutana na vitufe vile vile na hitilafu zile zile. Tofauti ni kwamba fomu ni faili dogo. Likikwama, huanzishwa upya na hakuna anayehisi hasara. Mchezo wa kompyuta unaweza kufikia gigabaiti 30 au zaidi. Hapo ndipo istilahi legelege hujulikana, kama kamba mbovu ijulikanavyo mzigo unapokuwa mzito.

Tuanze na vipimo. Mwongozo unasema kwamba intaneti ya Magamba "ina kasi ya megabaiti 4 kwa sekunde". Kampuni za simu huhesabu kasi kwa megabiti, na baiti moja ni biti 8. Kwa kasi ya megabaiti 4, mchezo wa gigabaiti 30 ungekamilika kwa muda wa saa 2 na dakika 5. Kwa kasi ya megabiti 4, mchezo huo huo unahitaji saa 16 na dakika 40. Aliyesoma mwongozo akaona saa 2 zimepita na kazi haijakwisha alidhani mashine yake imeharibika, akaanza kubonyeza hiki na kile, ilhali hapakuwa na hitilafu yoyote. Irabu moja ilikuwa imeongezwa, na hesabu ikakosewa mara nane.

Pili, tendo lenyewe limepewa majina matatu: kupakua, kushusha na kuteremsha. Tunakubali kwamba lugha hai huwa na visawe, lakini mwongozo wa kazi hauwezi kutumia maneno matatu kwa tendo moja bila kumfanya msomaji adhani kuwa matendo ni matatu. Zaidi ya hayo, kuteremsha kuna kasoro ya mahali. Katika milima ya Usambara, kuteremsha ni kupeleka: kabichi na karoti hupakiwa Lushoto, zikateremshwa kwa barabara ya Soni hadi Mombo, kisha zikasafirishwa mpaka Dar es Salaam. Kinachokuja Magamba hakiteremshwi, hupandishwa. Kwa mwenyeji wa huko, neno hili laweza kuelekeza mzigo kusikotakiwa. Kupakua hakuna taabu hiyo. Mzigo hupakuliwa mahali unapofika, pawe mlimani au pwani, na chakula hupakuliwa na yule anayetaka kula. Kwa hiyo kupakua ni chaguo zuri, na pacha wake kupakia yumo tayari katika lugha. Kushusha na kuteremsha vingeachwa.

Sasa tufike kwenye kiini cha jambo. Neno linalotawala kurasa zote mbili ni "umekatishwa". Intaneti ikipotea, upakuaji "umekatishwa". Umeme ukizimika, "umekatishwa". Mtumiaji mwenyewe akitaka kupumzika, au akiamua kuuacha mchezo kabisa, bado "umekatishwa". Mwalimu mmoja tuliyemkuta chumbani humo alitueleza kwamba kijana mmoja alimfuata na kumwuliza, "Shikamoo mwalimu. Hapa wanasema upakuaji umekatishwa, nani aliyeukatisha?" Kijana alisema kweli. Kauli ya kutendwa humdai mtendaji, naye alikuwa akimtafuta mtendaji asiyekuwako.

Yafaa ikumbukwe kwamba Kiswahili kina utajiri wa mnyambuliko ambao hushughulikia jambo hili bila kuunda neno jipya hata moja. Kila mwananchi anajua tofauti ya "umeme umekatika" na "umeme umekatwa". Katika sentensi ya kwanza tunangoja. Katika ya pili tunaulizana nani hakulipa. Vivyo hivyo, kukatika ni kwa jambo lililokoma lenyewe. Kukatizwa ni kwa jambo lililoingiliwa kati na jingine. Kukatishwa ni kwa jambo lililokomeshwa lisifike mwisho wake. Aliyekatiza mazungumzo aweza kunyamaza, nayo yakaendelea. Aliyekatisha maisha hakuacha cha kuendelezwa. Tarehe 12 Mei 2024, nyaya mbili za chini ya bahari, EASSy na Seacom, zilipopata hitilafu, intaneti ilizorota nchini Tanzania na katika nchi jirani. Kwa aliyekuwa akipakua mchezo siku ile, upakuaji ulikatika. Haukukatishwa. Tofauti hii si pambo la sarufi, kwa kuwa humwambia mtumiaji la kufanya: kilichokatika husubiriwa, kilichokatizwa huondolewa kizuizi chake, na kilichokatishwa huanzwa upya.

Baada ya kuivunja tofauti hiyo, mwongozo ulilazimika kuvunja nyingine tatu, na kila moja ilimgharimu kijana mmoja.

Wa kwanza aliambiwa kwamba akitaka kuzima kompyuta usiku, abonyeze kwanza "kitufe cha kusitisha". Katika programu aliyokuwa akiitumia, ambayo ni ya Kiingereza, vitufe vilikuwa viwili: kimoja cha kupumzisha kazi na kingine cha kuiacha kabisa. Mwongozo umevifasiri vyote viwili kwa neno kusitisha, naye akabonyeza cha pili. Kosa hili lina mzizi mrefu kuliko mwongozo. Tunasema kusitisha mapigano, ambayo huenda yakaanza tena, na tunasema kusitisha mkataba, ambao umekwisha. Ndiyo maana waandishi waangalifu huongeza "kwa muda" wanapokusudia kuwa jambo litarejea. Nyongeza hiyo ni ushahidi kwamba neno peke yake halitoshi. Wapo wanaopendekeza kupumzisha, na sisi tuliwahi kulipenda, lakini mtumishi aliyepumzishwa kazi anajua vema kwamba hatarudi kazini kesho.

Wa pili alifika asubuhi, akakuta upakuaji umesimama. Mwongozo ulimwagiza "aurudie". Akaurudia kama alivyoelewa, yaani akauanza tangu mwanzo, na gigabaiti zilizokwisha kuingia zikaandikwa upya juu yake. Kilichokusudiwa ni kuuendeleza kutoka ulipofikia. Jambo hili linawezekana kwa sababu tangu mwaka 1997, toleo la 1.1 la kanuni zinazotawala mawasiliano ya wavuti linamruhusu mpokeaji kumwomba mtoaji sehemu tu ya faili, kuanzia baiti anayoitaja. Seva isiyokubali ombi hilo hulazimisha kuanza upya, lakini programu kubwa za michezo, kama vile Steam iliyoanzishwa mwaka 2003, hugawa mchezo katika vipande vidogo na kuhifadhi kila kipande kinachofika salama. Wachukuzi wa Lushoto hawahitaji kufundishwa hekima hii. Lori likikwama Soni kwa sababu ya mvua, kabichi hazirudishwi shambani zikapakiwe upya. Hungojwa njia ifunguke, safari ikaendelea.

Wa tatu aliona katika folda yake faili lenye jina asilolizoea. Mwongozo unaliita "faili bovu" na kuagiza lifutwe. Akalifuta. Faili lile halikuwa bovu, lilikuwa pungufu. Programu za kuvinjari mtandao huliweka faili ambalo halijakamilika kwa jina la muda, kwa mfano lenye mwisho wa "crdownload" katika Chrome au "part" katika Firefox, na kamwe si uchafu wa kufagiliwa. Kazi yote iliyokwisha kufanyika imo humo. Faili pungufu linangoja kumaliziwa. Faili lililoharibika ndilo ambalo baiti zake si sahihi. Hata hilo la pili si lazima lifutwe lote. Programu nyingi za michezo zina amri ya kuhakiki mafaili: hulinganisha yaliyomo na orodha ya asili, kisha hupakua upya sehemu iliyokosewa tu. Neno kuhakiki limewafaa sana watumiaji wa Magamba, nasi tunalipongeza, maana mwongozo wenyewe ndio uliolitumia.

Iko kasoro moja zaidi ambayo haikumpotezea mtu mchezo, bali ilimtoa fedha mfukoni. Mwongozo unasema kwamba upakuaji ukisimama ghafla, huenda "kumbukumbu imejaa". Mtumiaji mmoja akaenda kununua kipande cha kumbukumbu, kumbe kilichojaa kilikuwa diski. Lazima vitu hivi viwili vitenganishwe. Kumbukumbu ni mahali mashine inapofanyia kazi, na umeme ukikatika, kilichomo hupotea. Mahali pa kuweka vitu vidumu panafaa kuitwa hifadhi. Tulipotaja neno hilo, wanafunzi walitabasamu, kwa kuwa kwao hifadhi ni msitu ule wa Magamba unaoonekana dirishani, Hifadhi ya Mazingira Asilia. Tabasamu hilo ni hoja ya kuliunga mkono: hifadhi ni mahali ambapo kilichomo hubaki mpaka mwenye mamlaka akiondoe. Kwa upande wa hifadhi, mwongozo ungefaa pia kutaja kwamba diski iliyopangwa kwa mfumo wa FAT32 haipokei faili moja linalofikia gigabaiti 4 hata kama nafasi imebaki tele. Wengi wanaotumia diski za mkononi hukwama hapo, na hakuna neno "imejaa" litakalowaeleza sababu.

Hatupendi kumaliza kwa lawama tupu. Sentensi za mwongozo huu ni fupi, hatua zake zimefuatana vizuri, na mwandishi wake alijitahidi kufanya kazi ambayo wengi wetu tumeiacha. Wala hakukosa pa kuanzia. Baraza la Kiswahili la Taifa liliundwa kwa sheria mwaka 1967, na orodha za istilahi zilichapishwa tangu miaka ya 1970. Mwaka 2004 Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kilitoa Jambo OpenOffice, programu ya ofisi iliyofasiriwa kwa Kiswahili. Tatizo ni kwamba orodha hutupa neno moja kwa neno moja, na nyingi zimejaa nomino. Mtumiaji wa kompyuta hukutana zaidi na vitenzi: amri anazozitoa na taarifa anazopewa. Mfasiri anayechukua nomino "ukatishaji" kutoka orodha hujikuta akiinyambua kuwa "umekatishwa" kila mahali, pasipo kujiuliza kama yuko mtendaji, na kama kazi ile yaweza kuendelea.

Kwa hiyo tunapendekeza maneno yafuatayo, na maana zake:

1. Umekatika: upakuaji umekoma kwa sababu ya mtandao au umeme, waweza kuendelezwa.
2. Umekatizwa: programu nyingine au mashine kulala kumeuingilia; ondoa kizuizi, kisha uuendeleze.
3. Sitisha kwa muda: amri ya mtumiaji ya kuusimamisha akikusudia kurudi. Maneno haya matatu yasitenganishwe.
4. Endeleza: amri ya kuanzia pale ulipofikia. "Rudia" na "jaribu tena" yasitumike kwa maana hii.
5. Ghairi: amri ya kuuacha kabisa. Mwenye kughairi ni mtu aliyebadili nia, na mashine haina nia. Hivyo neno hili lisitumike kamwe kwa hitilafu.
6. Anza upya: amri ya kuupakua tangu baiti ya kwanza.
7. Faili pungufu na faili lililoharibika: mambo mawili, majina mawili.

Ikiwa kitufe ni chembamba na maneno "sitisha kwa muda" hayaenei, basi kitufe kipanuliwe. Tumezoea kukata neno ili litoshe katika nafasi, na gharama ya ukataji huo hulipwa na mtu mwingine. Walimu wanaofundisha kompyuta tunawaomba wayajaribu maneno haya darasani na kutuandikia yale yanayoshindwa. Mwongozo wa Magamba, tulipoondoka, ulikuwa bado ukutani. Mwalimu alikuwa amekwisha kufuta kwa kalamu neno "bovu" na kuandika juu yake "pungufu".