Daftari za Karani na Historia ya Jimbo

Methali yasema: mali bila daftari hupotea bila habari. Kampuni ya Hudson's Bay, iliyopewa hati na Mfalme Charles wa Pili wa Uingereza mwaka 1670 ifanye biashara katika nchi zote ambazo mito yake humwagika katika Ghuba ya Hudson, iliishika hekima hiyo barabara pasipo kuisikia. Katika vituo vyake, katika nchi ambayo sasa ni Kanada, makarani waliandika hali ya hewa, chakula kilichobaki ghalani, ngozi zilizoletwa na deni la mwindaji. Biashara ile ya ngozi imepita, daftari zingaliko. Zilikaa London mpaka mwaka 1974, zilipohamishiwa Winnipeg, mji mkuu wa jimbo la Manitoba. Na mwaka 1994 Kampuni ikazitoa ziwe mali ya jimbo hilo.

Hazina ya namna hii yaweza kumtajirisha mwanahistoria, au kumfanya mtumwa. Daftari iliandikwa na mtu aliyetafuta faida. Ilihesabu ngozi kwa uangalifu mkubwa kuliko ilivyomhesabu mwanamke aliyeitengeneza. Asomaye bila swali lake mwenyewe hurudi na jibu la karani. Kwa kipimo hiki yafaa kuvipima vitabu vya historia ya Kanada Magharibi.

Harold Innis alitoa The Fur Trade in Canada mwaka 1930. Hoja yake kuu ni kwamba mipaka ya Kanada haikuchorwa kwa bahati: njia za maji na biashara ya ngozi zilitangulia, na dola ikafuata. Ni hoja yenye nguvu, na waandishi wengi waliofuata waliishi kivulini mwake. Walakini katika kitabu kile bidhaa ndizo zitembeazo, na watu huandamana nazo kama wapagazi wasio na majina.

W. L. Morton, mzaliwa wa Manitoba, hakuridhika na historia iliyoutazama Magharibi kutoka miji ya mashariki. Mwaka 1946 aliipinga waziwazi, na mwaka 1957 akatoa Manitoba: A History. Humo jimbo si ua wa nyuma wa nyumba ya mtu mwingine. Makazi ya Mto Mwekundu yana uhai wao, na upinzani wa Wametis wa 1869, ulioongozwa na Louis Riel na kufuatwa na kuzaliwa kwa jimbo mwaka 1870, unaelezwa kama jambo lenye sababu zake. Hiyo ni sifa kubwa. Upungufu wake ni kwamba sauti zisikikazo humo, aghalabu, ni za wanaume waliosimama barazani.

Mwaka 1980 vilitoka vitabu viwili: Many Tender Ties cha Sylvia Van Kirk na Strangers in Blood cha Jennifer Brown. Wote wawili walizisoma nyaraka za biashara ile ile, lakini waliuliza kuhusu ndoa na jamaa. Mara wakaonekana wanawake wa kienyeji walioolewa na wafanyabiashara kwa mila ya nchi: wakifuma nyuzi za viatu vya theluji, wakishona viatu vya ngozi, wakitafsiri lugha, wakiunganisha koo mbili. Pasipo wao biashara isingalisimama. Walikuwamo katika daftari siku zote. Aliyekosekana ni mwenye kuwauliza.

Msaada wa mkutubi nao usisahauliwe. Bruce Peel, wa Chuo Kikuu cha Alberta, alichapisha mwaka 1956 orodha ya maandishi yahusuyo majimbo ya mbuga mpaka mwaka 1953. Orodha haisimulii hadithi, lakini humwonyesha msimulizi mlango ulipo.

Hata hivyo swali jema haliwezi kutoa katika karatasi neno ambalo halikuandikwa kamwe. Jambo hili lilifika mahakamani katika jimbo jingine la magharibi, British Columbia, ambako Wagitxsan na Wawet'suwet'en walidai ardhi yao kwa ushahidi wa masimulizi ya wazee. Tarehe 11 Desemba 1997, katika kesi ya Delgamuukw, Mahakama Kuu ya Kanada iliamua kwamba masimulizi hayo yapewe uzito ustahilio, sawa na hati za kihistoria. Hapo historia haikuwa pambo la rafu. Ilikuwa haki ya watu juu ya ardhi.

Basi kurudishwa kwa daftari Winnipeg kulikuwa jambo la haki, lakini ni nusu ya kazi. Kitabu bora cha historia ya jimbo ni kile kimwitacho karani atoe ushahidi, kisha kikawaita na wale aliowaandikia deni.