Pongezi kwa Pamela Stephenson, Mwigizaji Aliyegeuka Tabibu

Wengi wetu tunamjua Rowan Atkinson kama Mr. Bean. Wachache wanamjua mwanamke aliyechekesha naye bega kwa bega katika kipindi cha BBC, Not the Nine O'Clock News, kilichoanza mwaka 1979. Ni Pamela Stephenson, mzaliwa wa New Zealand aliyekulia Australia. Aliwaiga watangazaji wa habari na waimbaji, Waingereza wakacheka. Mwaka 1983 akaonekana katika filamu ya Superman III.

Jina lilikuwa limeshajengeka, lakini alirudi darasani. Huko Marekani alisomea saikolojia hadi shahada ya uzamivu, kisha akaanza kutibu watu California.

Uigizaji haukupotea bure. Mwigizaji hodari husikiliza kabla ya kusema. Tabibu wa saikolojia naye, mtu anaposita katikati ya sentensi, hamalizii maneno yake, humngoja. Utulivu huo haupatikani kwa siku moja.

Mwaka 2001 alichapisha kitabu kuhusu mumewe, mchekeshaji Billy Connolly, akaeleza waziwazi mateso ya utoto wa Connolly. Ulikuwa ujasiri wa wote wawili, kwani aibu ya siri kama hizo huwaelemea walioumizwa badala ya walioumiza.

Hongera kwake, na kwa wote wanaofanya kazi hiyo ngumu ya kusikiliza. Nawe msomaji, moyo ukikulemea, usingoje uzidiwe. Mtafute mtaalamu mapema, uzungumze.