Dick Miller na Kazi ya Dakika Mbili
Katika The Terminator ya mwaka 1984, Arnold Schwarzenegger anaingia duka la bunduki jijini Los Angeles na kuagiza silaha moja baada ya nyingine. Wengi humtazama yeye. Mimi humtazama muuzaji. Anaitoa bastola yenye mwanga wa kulengea kwa fahari ya mtu anayeujua mzigo wake, anasema ni mpya, imeingia karibuni. Mteja anapotaka bunduki ya plasma, ambayo dunia bado haijaitengeneza, muuzaji hababaiki: kilichopo ni hicho unachokiona. Ndivyo anavyojibu mtu aliyesimama nyuma ya kaunta miaka mingi. Punde anauawa kwa bidhaa yake mwenyewe, nasi tunaumia, maana tumeshamjua.

Huyo ni Dick Miller, mzaliwa wa Bronx, New York, mwaka 1928, aliyefariki mwaka 2019. Alikwenda California akitaka kuwa mwandishi. Alipenda kusimulia kwamba mwongozaji Roger Corman alimwambia hahitaji waandishi, anahitaji waigizaji. Hapo hapo akawa mwigizaji. Katika Apache Woman (1955), pesa zilikuwa chache hivi kwamba alicheza Mwapache, kisha akacheza mmoja wa watu waliotoka kuwasaka Waapache.

A Bucket of Blood (1959), ambamo kwa nadra alikuwa mhusika mkuu, ilipigwa kwa siku tano na takriban dola 50,000. Kwa mwendo huo, mwongozaji hana muda wa kukaa na mwigizaji wakamtafuta mhusika pamoja. Miller alilazimika kufika naye akiwa kamili. Walter Paisley, mhudumu wa mkahawa wa wasanii, anamuua paka bila kukusudia, anamfunika kwa udongo, na watu wanamsifu kuwa mchongaji. Ni rahisi kumcheza kama mwendawazimu. Miller anamcheza kama mtu ambaye hajawahi kusifiwa, na hofu ya filamu nzima inatoka hapo.

Mwaka uliofuata, katika The Little Shop of Horrors, anaingia duka la maua na kuyala maua aliyonunua, baada ya kuyanyunyizia chumvi aliyokuja nayo. Hatafuti kicheko. Anatafuna taratibu, kama mtu aliyepata mapumziko ya mchana.

Mwongozaji Joe Dante, aliyezipenda filamu hizo, alimwita karibu kila alipopiga filamu yake. Katika The Howling (1981) akampa duka la vitabu na lile jina la Walter Paisley. Mwenye duka huyu anajua yote kuhusu binadamu wanaogeuka mbwa-mwitu, anayaeleza kwa uhakika wa mtaalamu, lakini anapoulizwa kama anaamini, anashangaa kudhaniwa mjinga: yeye anatafuta pesa tu. Mweke kando ya yule wa bunduki. Wote wawili ni wauzaji, sauti ni ileile ya Bronx, lakini mmoja anaipenda bidhaa yake na mwingine haiamini hata kidogo, na Miller anakuonyesha hilo kabla hawajataja bei.