Nani Alimsikia Komarov Akilia?

Starman, kitabu cha Jamie Doran na Piers Bizony, kina mengi mazuri kuhusu utoto wa Gagarin. Haya, sifa tumetoa. Sasa twende Soyuz 1, maana hapo ndipo kitabu kilipoharibika.

Safari yenyewe mnaijua: Aprili 23, 1967, paneli moja ya sola inagoma kufunguka, Soyuz 2 inafutwa, na kesho yake mwanaanga Vladimir Komarov anakufa karibu na Orsk, mwavuli mkuu umekwama na wa akiba umejisokota. Waandishi wakaiegemeza habari hii kwa Venyamin Russayev, kachero wa KGB aliyekuwa karibu na Gagarin. Kwa maelezo yake, Komarov alijua anakwenda kufa, akakubali ili Gagarin, mwanaanga wa akiba, asipelekwe badala yake. Eti kulikuwa na waraka wa kasoro 203. Uko wapi? Juu yake wakaongeza kilio cha hasira kilichonaswa na Wamarekani kutoka Uturuki. Mashahidi wa miaka mingi baadaye, bila karatasi! Hata mahakama ya mwanzo wangerudishwa.

Mwaka 1998, kitabu kilipotoka, ningesamehe. Lakini shajara ya 1967 ya Kamanin, mkuu wa mafunzo ya wanaanga, ilichapishwa 1999, mhandisi Chertok naye kumbukumbu zake zilikuwa zimetoka, na bado toleo la 2011 likaja na machozi yaleyale. Robert Krulwich wa NPR akayabeba yalivyo, wanahistoria wakamvaa.

Kinachoniuma ni rubani tuliyenyang'anywa. Jaribio la kwanza la kushuka liliposhindikana, Komarov aliagizwa jambo ambalo hakulifanyia mazoezi: aelekeze chombo kwa mkono kabla hakijaingia kwenye kivuli cha Dunia, kishikiliwe na jairo gizani, kisha awashe injini ya breki. Akafanya, na injini ikawaka inavyotakiwa. Mtu anayelia kwa ghadhabu hafanyi kazi hiyo, na rekodi za redio zilizobaki zina sauti ya mtu mtulivu. Kilichomuua kilikuwa chini kiwandani. Chertok anadokeza kwamba makasha ya miavuli yaliingizwa kwenye tanuri bila vifuniko, kuta za ndani zikanata. Bykovsky, Khrunov na Yeliseyev wa Soyuz 2 wangeruka na makasha ya namna ileile.

Mwanahistoria Asif Siddiqi, katika Challenge to Apollo, aliifanya kazi hii ya kuchambua ushahidi ipasavyo.

Ila wangu ni mwandishi James Oberg. Kufikia 1981, kumbukumbu za Moscow zikiwa bado zimefungwa, alikuwa ameshalinganisha picha rasmi za Wasovieti, moja ina mtu, nyingine mtu huyo kafutwa, akaujua uongo kwa macho yake. Kwenye Starman mkifika 1967, rukeni sura.