Namna ya Kuipima Singeli

Wengi huipima singeli, muziki wa uswahilini Dar es Salaam, kwa kasi yake. Wimbo ukifika mapigo 250 kwa dakika husifiwa, ukibaki kwenye 200 huambiwa umepoa. Kipimo hicho hakifai, maana kuongeza kasi ni kazi nyepesi kuliko zote: prodyuza hubadilisha namba moja tu kwenye kompyuta. Ufundi uko kwenye nafasi anayoiacha kati ya pigo na pigo. Kwenye 250, pigo halipati hata robo sekunde. Ukiweka hapo ngoma nzito yenye mlio mrefu, mlio wa kwanza unalifunika pigo la pili, na msikilizaji anapata mngurumo mmoja usio na mwendo. Fundi huukata mlio uwe mfupi na mkavu. Hali kadhalika kipande cha taarabu kinachopachikwa kwenye biti: ukikikimbiza mara mbili kama kilivyo, sauti inapanda oktava nzima, na fidla isiyochaguliwa vizuri inabaki kupiga kelele za mbu.

Wasikilize Sisso na Maiko wa Dar es Salaam, ambao albamu yao, Singeli Ya Maajabu, ilitolewa mwaka 2024 na Nyege Nyege Tapes ya Kampala. Hiyo ndiyo lebo iliyotoa Sounds of Sisso mwaka 2017, mkusanyiko wa kazi za studio ya Sisso iliyoko Mburahati. Katika muziki wa wawili hawa ala ndizo zinazobeba mzigo, hivyo kasoro haina MC wa kuifunika. Chukua wimbo wao mmoja, ushike mstari wa kinanda peke yake, kisha urudie ukifuata ngoma ya chini tu. Wimbo mzuri unakuruhusu kuvifuata vyote viwili hadi mwisho. Mbovu unakupoteza katikati.

Ipo hoja kwamba huu ni muziki wa uswahilini Dar, na kwamba watu wa Msimbati, huku kusini kabisa karibu na mdomo wa Ruvuma, hawana cha kuuhukumia. Mimi naona wanacho. Kwenye sindimba ya Wamakonde ngoma kadhaa hulia pamoja, kila moja na zamu yake, na nyonga ya mchezaji haifukuzii kila pigo. Huchagua lake na kutulia nalo. Mchezaji wa singeli naye hufanya hivyo: mapigo yanakwenda 250, mwili unakwenda 125. Biti isiyompa mwili hilo pigo la kukanyagia imeshindwa, hata ikitikisa spika. Tena ufukweni hakuna ukuta wa kuurudisha muziki mnene, na upepo wa bahari unachukua sehemu yake. Wimbo uliotegemea besi peke yake hunyauka pale pale.

Wanaosema singeli ni kelele za kompyuta wana haki kwa nyimbo nyingi, kwa kuwa mbovu ni nyingi. Lakini kompyuta haiamui mlio upi ukatwe. Sikio la mtu ndilo linaloamua. Kwa hiyo wewe dijei unayebeba spika kwenda Msimbati kwenye sherehe za jando na unyago, zisikilize nyimbo zako kwanza kwa sauti ya chini, kwenye simu. Ile ambayo mdundo wake hausikiki hapo, iache nyumbani.