MAPI32.DLL: Jina Moja kwa Maktaba Mbili

Msomaji aliyepata kuisimamia seva ya Exchange 2000 au 2003 hahitaji kuelezwa MAPI32.DLL ni kitu gani, wala kukumbushwa lile onyo la Microsoft kwamba Outlook na Exchange zisisakinishwe katika kompyuta moja. Onyo hilo tulilisoma, tukalitii, na aghalabu tukawafundisha walio chini yetu kana kwamba ni kanuni ya maumbile kama mvua na jua, ilhali lilikuwa matokeo ya uamuzi wa wanadamu, na uamuzi wenyewe, nasema mapema ili nisimchoshe mtu, ulikuwa mbaya wala hauna udhuru. Kampuni moja, isiyopungukiwa na fedha wala na akili, iliandika maktaba mbili zenye matumbo tafauti, moja kwa ajili ya seva na moja kwa ajili ya programu ya mezani, ikaziita zote mbili MAPI32.DLL, na ikazitaka zote mbili zikae katika folda ya System32, ambamo haiwezekani katu mafaili mawili kuwa na jina moja.

Hapo mwanzo jambo hili halikuwa na dhara. Exchange 4.0 ilipotoka mwaka 1996, seva na programu ya kusomea barua zilikuwa bidhaa za nyumba moja, na Windows 95 ilikuwa imekwisha kuzoesha watu MAPI, ile njia ya programu kuomba huduma za barua, kwa ile alama ya Inbox iliyokaa kwenye uso wa skrini. Mtafaruku ulianza pale Outlook 97 ilipokuja ndani ya Office na kufuata ratiba ya Office badala ya ratiba ya Exchange, na wakati huo huo waandishi wa programu nyingine, Eudora miongoni mwao, wakatambua kwamba njia ya kuifanya Word iwakabidhi wao barua ya kutumwa ni kuliondoa faili la MAPI32.DLL la mwenzao na kuliweka la kwao pale pale. Mwenzao naye alipofunguliwa tena alilirudisha lake, na mtumiaji asiye na hatia akabaki kuuliza kwa nini barua yake leo imetoka kwa programu hii na jana ilitoka kwa ile.

Dawa iliyopatikana ilikuwa njema. MAPI32.DLL ikageuzwa bawabu asiye na kazi ila kumwuliza mgeni anataka nini, kutazama katika rejista ya Windows chini ya Software\Clients\Mail ni nani mwenye nyumba kwa leo, na kumpeleka kwake: mwenye kuhitaji zile kazi 12 za MAPI sahili akafuata njia iliyoandikwa katika DLLPath, na mwenye kuhitaji MAPI kamili akafuata DLLPathEx. Outlook yenyewe ikahamisha matumbo yake katika faili la MSMAPI32.DLL, ndani ya folda yenye nambari 1033 kwa walio na toleo la Kiingereza cha Marekani, na nakala safi ya bawabu ikawekwa akiba kwa jina la MAPISTUB.DLL. Kazi ya ustadi, nami sina la kuongeza.

Sasa ndipo inapoingia Exchange. Maadamu mlango ulikwisha kupata bawabu, na maadamu Outlook, ndugu wa tumbo moja, ilikwisha kukubali kukaa ndani na kuitwa kwa jina jingine, ungetarajia kwamba kikundi cha seva nacho kingeiita maktaba yake kwa jina lolote lile, EXMAPI au hata ZUHURA, kikaiweka katika folda ya exchsrvr\bin, na kikaiandikisha katika rejista kama walivyofanya wengine. Hasha. Exchange 2000 ikaleta MAPI32.DLL yake yenye nyama na mifupa yote, ikamwondoa bawabu mlangoni, na ikaketi yenyewe mahali pake. Exchange 2003 ikarudia yayo hayo, miaka mitatu baadaye, baada ya malalamiko kuwa yamekwisha kuandikwa na kujibiwa. Na kosa la mara ya pili silihesabu kuwa kosa, bali ni ukaidi.

Na tuitazame kadhia hii kwa karibu, maana ubaya wake umo katika mambo madogo. Bonyeza kitufe cha kulia juu ya MAPI32.DLL katika Windows XP au Windows Server 2003 isiyo na Exchange, utazame toleo, nawe utaliona 1.0.2536, litazame lile la seva ya Exchange 2003, nalo linaanza kwa 6.5. Mpangilio wa kusakinisha katika Windows hufuata kaida ya kwamba faili lenye toleo kubwa hulifuta lenye toleo dogo, na kaida hiyo ni ya busara maadamu mafaili yote mawili ni ya ukoo mmoja, la pili likiwa ni la kwanza lililorekebishwa. Lakini hapa 6.5 si mtoto wa 1.0, wala si ndugu yake. Ni kitu kingine kilichovaa jina lake. Kanuni iliyowekwa ili kutulinda na mafaili yaliyochakaa ikawa ndiyo inayompa mvamizi haki ya kuingia, kwa kuwa nambari yake ni kubwa zaidi.

Kisha kuna FIXMAPI.EXE, programu ndogo iliyotengenezwa kwa nia njema kabisa, ambayo huchungulia MAPI32.DLL iliyopo, na ikiiona si bawabu halali, huisogeza kando na kumrudisha bawabu kutoka MAPISTUB.DLL. Katika kompyuta ya karani ni dawa. Katika seva ya Exchange ni sumu, kwa sababu faili inaloliona kuwa la mvamizi ndilo ambalo programu za seva zinalitegemea, na fundi aliyeiendesha usiku kwa kudhani anatengeneza, asubuhi huamkia kidirisha kile mashuhuri kinachosema kwamba ama hakuna programu ya barua iliyochaguliwa, ama iliyopo haiwezi kutimiza ombi, kwa hiyo tafadhali fungua Outlook uifanye kuwa chaguo lako. Afungue Outlook ipi, katika seva ambayo Microsoft hiyo hiyo imemkataza kuisakinisha Outlook? Na kama ombi lenyewe limetoka kwa huduma inayofanya kazi nyuma ya pazia, pasipo mtu wala skrini, ni nani atakayekiona kidirisha hicho na kukibonyeza?

Wapo watakaoitetea Microsoft, na utetezi wao naujua, kwani nimeusikia tangu enzi za Windows NT: jina MAPI32.DLL ni ahadi. Maelfu ya programu zimeandikwa zikiita jina hilo. Programu za kukinga virusi, za kuhifadhi nakala za sanduku moja moja la barua, na ile seva ya BlackBerry iliyotunyima usingizi, zote zilikaa katika folda zao zenyewe na ziliitafuta MAPI32.DLL katika System32. Kwa hiyo seva ilikuwa haina budi kuiweka huko. Naam, jina ni ahadi. Lakini aliyepaswa kulishika jina hilo ni bawabu peke yake, na kazi ya bawabu ni hiyo hiyo ya kumpokea kila aitaye jina na kumwelekeza. Programu ya kuhifadhi nakala ingeliita MAPI32.DLL, ingempata bawabu, na bawabu angeliipeleka kwa maktaba ya Exchange kwa mujibu wa rejista, bila ya herufi moja ya programu ile kubadilishwa.

Zana za kuepuka fitina hii nazo zilikuwapo. Windows 2000 ilikwisha kuleta njia ya faili lenye kiambishi cha .local, ambalo huilazimisha programu kuchukua maktaba za folda yake kabla ya nyingine zote. Windows XP mwaka 2001 ikaleta WinSxS, ambamo matoleo mengi ya maktaba moja hukaa bega kwa bega bila ya kugombana. Fauka ya hayo, tangu zamani Windows hutazama kwanza folda ya programu yenyewe kabla ya kwenda System32, na ushahidi wake kila msimamizi wa Exchange wa enzi hizo alikuwa nao mkononi: ExMerge, zana ya kutolea barua kutoka masandukuni. Ukiinakili ExMerge katika folda yoyote ya holela na kuifungua, italalamika kwamba EXCHMEM.DLL haionekani, ukiihamisha hadi exchsrvr\bin, inafanya kazi papo hapo, bila ya kusakinisha chochote. Kikundi cha Exchange, basi, kilijua vyema jinsi ya kuweka maktaba zake nyumbani kwake. EXCHMEM kilimweka nyumbani. MAPI32 kikampeleka barazani kwa watu.

Na ukitaka kujua kwamba hii ni tabia wala si ajali, tazama zile CDO, maktaba za kuandikia programu za barua. Kulikuwa na CDO.DLL ya kufanyia kazi na MAPI. Kukawa na CDONTS.DLL iliyokuja na nyongeza ya NT 4. Kukawa na CDOSYS.DLL ya Windows 2000. Na kukawa na CDOEX.DLL ya Exchange 2000. Nne, zenye jina la ukoo mmoja na tabia mbali mbali. Mwandishi wa kurasa za wavuti aliyeita CDO.Message hakuipata CDO.DLL, bali CDOSYS, kwa sababu CDO.DLL yenyewe huitwa MAPI.Session, na aliyeita CDONTS.NewMail aliihamishia kazi yake Windows Server 2003 akakuta CDONTS imekwisha kuondolewa. Hata lile faili linalofanya kazi ya kutuma nyaraka kwa barua kutoka kwenye menyu ya Windows wameliita SENDMAIL.DLL, kana kwamba Eric Allman hakupata kuandika seva yake ya barua iitwayo sendmail.

Ukilinganisha na kazi ya David Harris wa Dunedin, New Zealand, utaona tafauti ya mtu anayejua mipaka ya nyumba yake. Harris aliitoa Pegasus Mail, programu ya kusomea barua, mwaka 1990, kisha akaandika na Mercury, seva ya barua. Yaani mtu yule yule mmoja alikuwa na programu ya mezani na alikuwa na seva, hali ile ile ya Microsoft, tafauti ikiwa ni kwamba hakuwa na jeshi la waandishi wala mabilioni. Mercury ya Windows hupakia kazi zake kama maktaba za DLL, kila itifaki na yake, na herufi ya mwisho humwambia msimamizi ni ipi: MercuryS hupokea barua kwa SMTP, MercuryC huzipeleka, MercuryP ni POP3, MercuryI ni IMAP, MercuryD huenda kuzichota kutoka masanduku ya mbali. Hukaa zote katika folda ya Mercury. Ukitaka kuisakinisha Pegasus katika kompyuta ile ile, isakinishe. Watu wengi wamefanya hivyo kwa miaka, kwa kuwa hakuna faili la mmoja linalochukua jina la faili la mwenzake. Vijana walioijua Mercury ndani ya XAMPP wakadhani ni kitu cha kujifunzia tu, wangefaa waifungue folda ile na kuisoma kama kitabu.

Exchange 2007 ilipokuja, seva ikaacha kubeba MAPI32.DLL yake katika System32 na kutumia EXRPC32.DLL, jina lisilomgusa mtu. Wale waliokuwa bado na programu za zamani wakapewa kifurushi cha peke yake cha MAPI na CDO 1.2.1, cha kupakua bure. Na ukikisakinisha, tazama kilivyojipanga: kinakaa katika folda yake ya ExchangeMapi chini ya Program Files, na kinajiandikisha katika Software\Clients\Mail kwa jina la ExchangeMAPI, ili bawabu akione na kuwapelekea wageni. Ndiyo njia ile ile iliyokuwapo wakati Exchange 2000 inaandikwa, isiyohitaji WinSxS wala uvumbuzi wowote mpya. Iliwachukua hadi toleo la 2007 kuitumia, na hata hivyo waliitumia kwa kifurushi cha biti 32 cha kuwafariji waliobaki nyuma, kikaendelea hivyo hadi Exchange 2016 ilipokikataa.

Katika muda huo wote kati ya Exchange 2000 na 2007, jibu la rasmi kwa msimamizi aliyelalamika lilikuwa ni kutosakinisha Outlook katika seva. Jibu hilo lilikuwa sahihi, nami ningelitoa hilo hilo. Lakini aliyestahili kuhojiwa ni kikundi kilicholipeleka faili lake System32, si fundi aliyetaka kuisoma barua moja ya majaribio akiwa ameketi mbele ya seva yake.