Ngoma si Maonyesho Tu

Istilahi "sanaa za maonyesho" imekwisha kuota mizizi shuleni na maofisini. Imo hata katika jina la kitabu cha Penina Muhando na Ndyanao Balisidya, *Fasihi na Sanaa za Maonyesho* (1976), na yafaa iheshimiwe. Hata hivyo ina kasoro moja: huwatenga waonyeshao na watazamao.

Tuchukue digubi, ngoma ya unyago wa Wakaguru wa Kilosa, ambayo Muhando mwenyewe, kwa jina la Penina Mlama, aliiandikia makala mwaka 1981. Katika ngoma hiyo mwali haigizi, hufundwa. Wanaomzunguka hawakuja kutazama, bali kuimba, kucheza na kumpokea. Mfasiri akiiita "onyesho la jadi", ameondoa mafunzo na kubakiza burudani. Lakini uchezaji huo ukipelekwa Mikumi mbele ya watalii wa hifadhi, bila mwali wala mafunzo, hapo neno "onyesho" linastahili.

Wahispania wanalo neno flamenco, likusanyalo uimbaji, uchezaji na upigaji wa gitaa. UNESCO ilipoiingiza sanaa hiyo katika orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika mwaka 2010, jina halikutafsiriwa. "Ngoma" nayo ni chombo, ni uchezaji, ni shughuli nzima.

Basi tunapendekeza: "ngoma" ibaki jina la shughuli ya jamii, "onyesho" liwe la kile kilichoandaliwa kwa ajili ya watazamaji, na digubi iitwe digubi.